Hii ISO Umeitoa Wapi?

Maneno haya niliyasema Jumamosi moja asubuhi katika ukumbi wa orofani hapa Kisumu, mbele ya mafundi wa kompyuta, wasimamizi wa sacco, walimu na wenye maduka. Nimeyaandika karibu kama yalivyotoka mdomoni, pamoja na pale nilipokatizwa.

Hamjambo wote? Ninyi mlioamka gizani kutoka Busia na Homa Bay, asanteni kwa kufika. Ninyi wa Kondele mnaoingia sasa hivi, karibuni pia, viti vya nyuma vimewasubiri.

Nianze na samaki, kwa kuwa tuko Kisumu. Jana jioni nilipita Dunga kutafuta ngege wa chakula cha usiku. Mbele yangu palikuwa na mama mmoja ambaye ukimtazama tu unajua amezoea. Hakuuliza bei. Alimgeuza samaki, akamfunua matamvua kwa kidole gumba, akatazama wekundu wake. Akambonyeza tumbo. Kisha akamwuliza muuzaji, "Huyu ni wa ziwa au ni wa katoni, wa barafu kutoka nje?" Muuzaji akaapa kwa jina la mamake. Mama akabonyeza tena, ndipo wakaanza kuvutana bei.

Samaki mmoja, wa kuliwa usiku mmoja. Nami nina miaka zaidi ya ishirini nikizunguka na bisibisi na flashi kutoka hapa hadi Kakamega. Nimefunga seva, zile kompyuta kuu za ofisi, zinazobeba akiba za wanachama, alama za wanafunzi, majina ya wagonjwa na dawa wanazomeza. Miaka yote hiyo, ukimwacha mama mmoja nitakayemtaja, hakuna mwenye ofisi hata mmoja aliyewahi kuniuliza, "Fundi, hii ISO umeitoa wapi?" Wananiuliza kazi itachukua muda gani. Wananiuliza kama nitapunguza bei.

(Sauti kutoka nyuma: "Na unapunguza?") Napunguza, ndiyo. Tuendelee.

Kwa akina mama na wazee ambao si mafundi: ISO ni faili moja kubwa iliyobeba ndani yake diski nzima ya kusakinishia mfumo endeshi, yaani ile programu mama inayoiamsha mashine na kuzitawala programu nyingine zote. Zamani ilikuja kwenye DVD ndani ya boksi. Siku hizi tunaitia kwenye flashi, tunachomeka, na saa moja baadaye tunawaambia, "Tayari, nimepiga Windows." Ninyi mnashukuru, mnatoa chai, hesabu inaisha.

Kabla sijamsema mtu, nijiseme mwenyewe. Miaka michache iliyopita nilifunga seva katika duka la jumla la mama mmoja, mji siutaji. Duka lilikuwa na kompyuta nne na wafanyakazi sita. Mimi wakati huo nilikuwa na flashi ya kijani niliyoivaa shingoni kwa kamba, inaning'inia mfukoni mwa shati kama kitambulisho. Ndani yake mlikuwa na Windows Server 2016 Datacenter, "imeshawashwa, visasisho vimezimwa, nyepesi, haisumbui." Hivyo ndivyo ilivyoandikwa. Imeshawashwa maana yake imeshakubali kwamba ina leseni, hata kama haina. Niliipata kwa fundi mwenzangu, naye aliipata kwa mwingine, na yule mwingine aliitoa kwenye torenti, ile njia ya watu kugawana mafaili mtandaoni. Sikujua zaidi ya hapo na sikutaka kujua. Mashine iliwaka, ikafanya kazi vizuri miezi mitano.

Siku moja mama akanipigia simu. "Fundi, mwanangu, ile mashine yako inahema usiku kama ng'ombe mgonjwa. Na tokeni za stima zinaisha kabla ya mwezi kufika kati."

Nikaenda. Nikafungua dirisha linaloonyesha kazi za prosesa, ule ubongo wa kompyuta. Mashine shwari, asilimia tatu, nne. Nikamwambia mama ni vumbi kwenye feni, nikapuliza, nikaondoka. Wiki iliyofuata akapiga tena, sasa hakuniita mwanangu. Safari hiyo niliiwekea mashine kumbukumbu ya kujiandika yenyewe usiku kucha bila mimi kufungua dirisha lolote. Asubuhi nikasoma: tangu saa tatu usiku hadi saa kumi na mbili alfajiri prosesa ilikuwa juu ya asilimia tisini. Kulikuwa na programu ndani inayochimba sarafu za kidijitali kwa faida ya mtu nisiyemjua, nayo ilikuwa na adabu ya kunyamaza kila mtu anapofungua lile dirisha, kama mtoto aliyesikia hatua za babake. Katika orodha ya wasimamizi wa mashine mlikuwa na akaunti moja ambayo si mimi wala si mama aliyeifungua.

Nilitaka sana kuamini kwamba mfanyakazi fulani alibofya kiungo kibaya. Kwa hiyo nilichukua laptopu kuukuu, nikaing'oa kwenye mtandao wote, nikapiga ISO ile ile kutoka flashi ile ile. Akaunti ile ile ilikuwepo, kabla hata sijaandika nywila ya kwanza.

Ilinibidi nirudi nimwambie. Nikamweleza kwamba mwizi hakuvunja mlango, mimi ndiye niliyembeba. Mama akautazama mfuko wa shati langu, akasema, "Kikulacho." Hakuimalizia. Nilijenga upya kila kitu kwa siku mbili bila malipo, naye hakunidai hata tokeni moja. Aliniagizia chai na mandazi, na hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi.

Sasa nimekuwa nikijiuliza kwa nini niliitumia ISO ile. Umaskini haukuwa sababu yote. Sehemu kubwa ni kwamba sikuyajua madaraja ya kile nilichokuwa nikikifunga. Ningeyajua, nisingeihitaji. Kwa hiyo hapa nitakaa kidogo, mnivumilie.

Neno "toleo" tunalitumia kwa vitu viwili na hapo ndipo tunapotezana. Kuna toleo la mwaka: Windows Server 2012, 2012 R2, 2016, 2019, 2022, 2025. Halafu ndani ya mwaka mmoja kuna Essentials, Standard na Datacenter. Mimi ile ya kwanza naiita toleo na hii ya pili naiita daraja, kama treni moja yenye daraja la kwanza na la tatu. Injini ni ile ile, reli ni ile ile.

Watu hudhani Datacenter ina kasi kuliko Standard. Haina. Mtumiaji aliyekaa mezani hataona tofauti yoyote. Tofauti kubwa ni idadi ya mashine pepe, zile kompyuta za ndani ya kompyuta. Ukizilipia prosesa zote za mashine, Standard inakuruhusu mashine pepe mbili. Datacenter haina kikomo, na inaongeza mambo kama kuunganisha diski za seva kadhaa ziwe ghala moja. Hayo ni mambo ya mtu mwenye chumba kizima cha seva, kiyoyozi na jenereta. Bei yake kwenye orodha ya Microsoft ni karibu mara sita ya Standard. Mama wa kompyuta nne mimi nilimwekea Datacenter! Ni sawa na kumnunulia trela mtu mwenye kreti mbili za soda.

Na kwa nini hizi ISO za mitaani karibu zote ni Datacenter? Kwa sababu kwa mwizi bei ni moja, sifuri, basi anachukua kubwa. Lakini sikilizeni hasara yake. Standard unaweza kuipandisha iwe Datacenter kwa amri moja na ufunguo halali, bila kupoteza kitu. Datacenter haishuki kuwa Standard. Siku mwenye duka anapopata pesa na kutaka kuwa mtu halali, anaambiwa anunue ile ya ghali au afute kila kitu aanze upya. Ile ya bure imemfungia ndani ya chumba ambacho kodi yake hawezi kuilipa.

Essentials ndiyo iliyokuwa saizi ya mama. Inachukua hadi watumiaji 25 na vifaa 50, na haidai zile leseni za wateja zinazoitwa CAL. Kuanzia 2022 inauzwa pamoja na mashine mpya za watengenezaji, kwa hiyo unaiulizia pale unaponunua seva yenyewe.

Hiyo CAL ndiyo inayowashangaza wengi. Ukinunua Standard umelipia seva, hujalipia watu wanaoitumia. Kila mtu au kila kifaa kinachoingia kinahitaji CAL yake, na wakiingia kwa kufungua eneokazi la seva kutoka mbali kuna CAL nyingine juu ya hiyo. Tena tangu 2016 leseni huhesabiwa kwa viini vya prosesa, zile sehemu zake zinazofanya kazi kwa pamoja: angalau viini 8 kwa kila prosesa na angalau 16 kwa kila seva. Mashine yako ikiwa na prosesa moja ya viini 4, utalipia 16. Ikiwa na prosesa mbili za viini 12, utalipia 24. Ukitaka mashine pepe nne kwa Standard, unavilipia viini vyote mara ya pili. Mtu wa mauzo hatakueleza haya kwa hiari yake, kwa hiyo peleka kalamu.

Kuna jambo dogo la kuchekesha ambalo nadhani limewarudisha mafundi wengi kwenye torenti kuliko hata bei. Ukisakinisha Windows Server halali, inakuletea orodha: Standard, kisha Standard (Desktop Experience), na Datacenter vivyo hivyo. Fundi anabofya ile ya kwanza kwa sababu ni ya kwanza. Mashine inawaka, anaona skrini nyeusi na mstari wa kuandikia amri. Hakuna madirisha, hakuna kitufe cha Start. "Hii ISO ni mbovu," anasema, na anarudi kwa flashi yake ya kijani. Nduguyo hajui kwamba amesakinisha Server Core, ambayo imeondolewa madirisha makusudi ili iwe na milango michache ya kulindwa. Na tangu 2016 huwezi kuhama kutoka moja kwenda nyingine bila kusakinisha upya, kwa hiyo soma mstari wote kabla ya kubofya. (Kicheko upande wa kushoto.) Naona kuna watu hapa wameguswa.

Lingine la aina hiyo ni flashi yenyewe. FAT32, mfumo wa kupanga mafaili kwenye flashi, haupokei faili moja inayozidi gigabaiti 4, na ndani ya ISO za siku hizi faili ya install.wim, inayobeba Windows yenyewe, huwa inazidi. Kunakili kunakwama, fundi anatafuta ISO "nyepesi" mtandaoni. Wepesi huo umetokana na mtu kukata vitu humo ndani, na aliyeweza kukata aliweza pia kupachika. Dawa ni kuigawa install.wim vipande kwa DISM, chombo cha Windows yenyewe, au kuandaa flashi kwa mfumo mwingine uitwao NTFS kwa programu kama Rufus.

Na kama unataka kujaribu tu, Microsoft yenyewe inatoa ISO ya Evaluation bure kwa siku 180. Ni ya majaribio, si ya kuendeshea duka. Siku hizo zikiisha, mashine inaanza kujizima kila baada ya saa moja. Ukinunua leseni katikati, unaigeuza iwe kamili bila kufuta, isipokuwa kama umeshaifanya ndiyo msimamizi wa domeni, yaani mlinzi wa akaunti za kompyuta zote za ofisi, hapo itabidi uiondolee cheo hicho kwanza. Miezi sita ya kujifunza bila senti. Mimi nilikuwa naiba kitu ambacho ningepewa nikiomba.

Kuna majina ambayo ukiyasikia tu, usingoje ushahidi. Mtu akikuletea "Windows Server 2019 R2", hicho kitu hakijawahi kutengenezwa. R2 ya mwisho ilikuwa ya 2012. "Server Ultimate" haipo. "Server 2016 ya biti 32" haipo pia, kwa maana tangu 2008 R2 zote ni za biti 64. Ni kama noti ya shilingi mia tatu.

Sasa twende ndani ya ISO ya mtaani, tuone mtu aliyeigusa alifanyaje. Wengi husema, "Nitasakinisha, halafu nitaweka antivairasi nzuri." Angalieni utaratibu wa mambo. Windows ina mahali palipotengwa kihalali pa kuweka hati ya amri iitwayo SetupComplete.cmd. Usakinishaji unapofika mwisho, kabla mtu yeyote hajaingia, hati hiyo inaendeshwa kwa mamlaka ya juu kabisa ya mfumo. Mafundi wa makampuni huitumia kurahisisha kazi yao. Mwovu anaitumia kufungua akaunti, kuwasha mlango wa kuingilia kutoka mbali, kuzima visasisho, na kuiambia Defender, antivairasi ya Windows yenyewe, "Kabrasha hili usilikague kamwe." Antivairasi ni askari wa getini. Huyu mgeni alilala ndani tangu nyumba haijaezekwa, na askari alipoajiriwa alimkuta, akadhani ni mwenye nyumba.

Hata anayejisumbua kukagua anaweza kupitwa. Juni 2023 kampuni ya Urusi ya Doctor Web ilieleza kuhusu ISO za Windows 10 zilizosambazwa kwa torenti, ambazo zilificha sehemu ya programu hasidi katika ile sehemu ndogo ya diski ya EFI inayotumiwa kuwashia mashine, mahali ambapo antivairasi nyingi hazitazami kwa kawaida. Kazi yake ilikuwa kungoja mtu anakili anwani ya kupokelea sarafu za kidijitali, kisha kuibadilisha iwe ya mwizi. Ukrainia nako, mwaka 2022, watafiti wa Mandiant walikuta ISO za Windows 10 zilizotiwa sumu kwenye kompyuta za mitandao ya serikali. Zilikuwa zimepakiwa kwenye tovuti ya torenti ya huko, kwa lugha yao wenyewe. Mtego ulitegwa kwa Kiukraini ili uwanase Waukraini. Siku moja mtaona ISO iliyoandikwa "toleo la Kenya, ina Kiswahili", na mtafurahi.

Lakini kisa ninachopenda kukisimulia zaidi ni cha China, mwaka 2015, kwa sababu kinatuhusu sisi wa bando. Watengenezaji wa programu za simu za Apple wanahitaji chombo kiitwacho Xcode. Ni faili la gigabaiti kadhaa, na kulipakua kutoka kwa Apple ukiwa China kulikuwa kwa mwendo wa kinyonga. Watu wema, au waliojifanya wema, wakaliweka kwenye ghala la mtandaoni la humo humo nchini. Haraka, rahisi. Lile faili lilikuwa limechezewa: kila programu iliyotengenezwa nalo ilibeba kitu kingine ndani. Programu hizo zikafika kwenye duka rasmi la Apple, WeChat ikiwa mojawapo. Hao hawakuwa vijana wa sebuleni. Walikuwa wahandisi wa makampuni makubwa, wenye leseni, wenye mishahara. Kilichowaangusha ni uvivu wa mtandao. Chombo chenyewe kilikuwa cha bure tangu mwanzo!

Hivyo usiniambie, "Mimi natumia Linux, ule mfumo endeshi wa bure, hayanihusu." Tarehe 20 Februari 2016 tovuti ya Linux Mint, mojawapo ya aina za Linux, ilivamiwa, na waliopakua toleo la 17.3 la Cinnamon siku hiyo wakapelekwa kwa ISO yenye mlango wa nyuma. Tovuti ilikuwa ya kweli. Timu yenyewe ya Mint ilitangaza na kueleza jinsi ya kukagua.

Kukagua kwenyewe ndiko kufunua matamvua. Kila faili unaweza kuipigia hesabu inayoitwa hashi. SHA-256 inakupa herufi na tarakimu 64. Ukibadilisha herufi moja ndani ya gigabaiti tano, karibu zote 64 zinageuka. Kwenye Windows unaandika certutil -hashfile, jina la faili, halafu SHA256. Kwenye Linux ni sha256sum. Unalinganisha na iliyotangazwa na mtengenezaji. Msilinganishe herufi nne za mwanzo na nne za mwisho kama mnavyofanya na namba ya simu. Zote.

Ila hashi iliyo kwenye ukurasa ule ule wa kupakulia haikusaidii ukurasa wenyewe ukivamiwa, maana aliyebadilisha faili anaweza kubadilisha na hashi. Ndiyo maana Ubuntu na Debian, ambazo pia ni aina za Linux, hutia sahihi ya kidijitali kwenye orodha za hashi, na sahihi hiyo inakaguliwa kwa programu iitwayo gpg. Faida yake ni kwamba faili lenyewe unaweza kulichukua kwenye seva pacha, yenye nakala zile zile, iliyo karibu nawe, hata kwa flashi ya jirani. Sahihi ikikubali, njia iliyopita haina neno. Kwa Windows sahihi iliyo kwenye setup.exe isiwadanganye: hiyo inaweza kuwa safi huku install.wim ikiwa imepasuliwa na kushonwa. Kagua faili zima, au litoe kwa mwenyewe.

(Mwalimu mmoja kutoka Vihiga akasimama: "Mimi nina maabara ya shule, bajeti yangu ni chaki. Hizo CAL unazosema nitazipata wapi?")

Mwalimu, kaa. Wewe hukuhitaji Windows Server tangu mwanzo. Seva ya kuhifadhi kazi za wanafunzi, kugawa printa na kuweka tovuti ya shule, Debian au Ubuntu Server inaifanya bila leseni ya kulipia na bila CAL. Ubuntu chagua ya LTS, inayotoka Aprili kila baada ya miaka miwili na kuhudumiwa miaka mitano. Mwenye mfumo unaodai familia ya Red Hat, Linux ya kulipia, atumie AlmaLinux au Rocky Linux. Lakini nako huko angalia tarehe. CentOS 7, ya familia hiyo hiyo, ilikoma 30 Juni 2024, na bado ukiingia ofisi fulani unaikuta inapumua. Bure haina maana ya milele.

Tarehe za upande wa Windows pia ziandikeni ukutani: 2012 na 2012 R2 zilikoma 10 Oktoba 2023. 2016 itakoma 12 Januari 2027, 2019 itakoma 9 Januari 2029, na 2022 tarehe 14 Oktoba 2031. Baada ya hapo hupati viraka vya usalama vya kawaida, yaani visasisho vya kuziba matundu. Umuhimu wa kiraka mliuona Mei 2017. Microsoft ilitoa kiraka tarehe 14 Machi. Virusi vya kikombozi vya WannaCry, vinavyofunga mafaili na kudai fidia, vikalipuka 12 Mei, vikapita katika nchi zaidi ya 150, hospitali za Uingereza zikarudisha wagonjwa nyumbani. Karibu miezi miwili ilikuwepo katikati. Sasa kumbukeni sifa iliyonivutia mimi kwenye ile ISO: "visasisho vimezimwa, haisumbui."

(Mzee mmoja wa sacco akauliza: "Kijana, mimi sijui hizo hashi. Nitajuaje kama seva yetu imefungwa na mtu kama wewe wa zamani?")

Swali zuri, mzee wangu, hata kama limenichoma. Mwambie kijana wako wa ofisini afungue mstari wa amri kwenye ile seva aandike slmgr /dli. Patatokea kisanduku kidogo. Kikisema VOLUME_KMSCLIENT, na uwashaji unaisha baada ya siku 180 au pungufu, mwulize fundi wako seva ya KMS iko wapi. KMS ni njia halali ya mashirika makubwa, yenye mkataba wa jumla na seva yao ya kuwashia. Tena haikubali kuwasha Windows Server mpaka ihesabu mashine tano. Ninyi mna seva moja chini ya meza ya keshia. Ni nani anayeiwasha?

Isitoshe, nyinyi mmeshika data ya watu. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inawataka mumwarifu Kamishna wa Data ndani ya saa 72 mkishajua data imevuja na kuna hatari ya madhara kwa wenyewe, na faini inaweza kufika shilingi milioni 5 au asilimia moja ya mapato ya mwaka, ile iliyo ndogo. Hati itakayosomwa siku hiyo ni ile inayoonyesha nani alifunga nini. Kwa hiyo kabla ya kumlipa fundi, mdai karatasi moja: kiungo alichopakulia, hashi ya faili, toleo na daraja, na leseni iliyoandikwa jina la ofisi yenu. Fundi mzuri ataandika kwa dakika kumi. Mwingine ataanza kueleza jinsi mtandao ulivyo.

Mafundi wenzangu, najua bei mnazolipwa. Mtu anakupa elfu tatu, anataka seva, printa na nenosiri la Facebook ya bintiye. Ukimtajia leseni anakuita mwizi, anamwita jirani yako mwenye flashi. Nimepoteza kazi tatu kwa njia hiyo tangu niiache tabia ile, na moja ilikuwa ya mtu wa ukoo wangu. Sina jibu tamu. Ninachofanya ni kumwonyesha mteja njia mbili mezani, Linux ya bure na Windows ya kulipia, pamoja na bei ya kila moja, na ile ya tatu siitaji. Akiitaja yeye, namsimulia kuhusu ng'ombe aliyehema usiku.

Yule mama bado ni mteja wangu, mkitaka kujua. Anatumia Ubuntu, na kila nikiingia dukani huuliza swali lile lile, "Hii ISO umeitoa wapi?", kabla sijaketi, hata nikiwa nimeenda kununua sukari.

Haya. Nimeleta laptopu yangu ile kuukuu, haina mtandao wowote, iko pale mezani karibu na dirisha. Kwenye diski yake nimehifadhi orodha za hashi za Ubuntu, Debian, Rocky na AlmaLinux, nilizozikagua sahihi zake nyumbani jana. Za Windows tutaangalia majina, ukubwa na hati zilizofichwa ndani. Wenye flashi mifukoni, nazo najua mnazo, pangeni foleni tuzikague moja moja. Ya kwanza ni hii ya kijani. Niliihifadhi.